Barua ya wazi kwa wakuu wa makumbusho ya Ujerumani: simulizi ya "sanaa potofu" haikamiliki bila vinyago vyetu

Kwa Wakurugenzi wa makumbusho ya sanaa na makumbusho ya tamaduni za mataifa katika miji ya Berlin, Dresden, Leipzig, Hamburg na Munich. Na kwa Waziri wa Nchi anayeshughulikia utamaduni katika Serikali ya Shirikisho.

Waheshimiwa,

Tarehe 19 Julai 1937, serikali ya Adolf Hitler ilifungua mjini Munich maonyesho iliyoyapa jina la "sanaa potofu". Picha na sanamu zaidi ya 600, zilizonyang'anywa kutoka makumbusho ya umma, zilirundikwa katika vyumba vyembamba vya jengo moja la Hofgarten. Nyingine zilitundikwa upogo kwa makusudi. Pembeni ziliandikwa bei ambazo makumbusho yalikuwa yamezilipa, nyingi zikiwa za enzi ya mfumuko mkubwa wa bei, ili mfanyakazi apitaye aone tarakimu za kutisha na hasira impande. Kiingilio kilikuwa bure, na watu zaidi ya milioni mbili waliingia kabla ya milango kufungwa mwezi Novemba. Siku moja kabla ya ufunguzi huo, jirani tu, Hitler mwenyewe alikuwa amefungua jumba jipya la sanaa aliyoipenda yeye: miili iliyonyooka, wakulima wenye siha, mashujaa wasio na kovu.

Haya mnayafahamu kuliko mimi. Mnawafundisha watoto wenu, na mnawafundisha kwa uchungu wa kweli. Mimi ni mwalimu wa uchongaji, mzaliwa wa Newala, kusini mwa Tanzania, na sasa ninaishi na kufundisha Berlin. Ninawaandikia kuhusu maneno machache yaliyokuwa ukutani siku ile, ambayo katika kumbi nyingi nilizozitembelea hayatajwi kabisa, au yanatajwa kwa haraka kama jambo la aibu ambalo halina uzito.

Maneno hayo yalisema kwamba hamu ya Wayahudi ya kurudi nyikani imejidhihirisha, na kwamba nchini Ujerumani mtu mweusi amefanywa kuwa kielelezo cha mbari katika sanaa potofu. Kitabu cha mwongozo cha maonyesho kilirudia shtaka hilohilo na kuwaunganisha watu wa visiwa vya Pasifiki. Kwa hiyo picha zile hazikuhukumiwa kwa rangi zake kali na mistari yake iliyovunjika peke yake. Zilihukumiwa pia kwa kufanana na sisi na kazi za mikono yetu.

Wahenga walisema akutukanaye hakuchagulii tusi. Hapa tusi lilichaguliwa, tena kwa miaka mingi kabla ya 1937. Naomba mnivumilie nilifuate tangu mwanzo wake, kwa sababu hoja yangu yote imo humo.

Tarehe 7 Juni 1905, vijana wanne waliokuwa wakisomea usanifu wa majengo mjini Dresden, Ernst Ludwig Kirchner, Erich Heckel, Karl Schmidt-Rottluff na Fritz Bleyl, waliunda kikundi cha wachoraji walichokiita Die Brücke, yaani Daraja. Mwezi uliofuata, katika vilima vya Umatumbi, watu waliochoshwa na kulimishwa pamba kwa nguvu waling'oa mashina ya pamba hiyo, na vita vya Maji Maji vikaanza. Sisemi kwamba vijana wa Dresden walikuwa na habari za Umatumbi. Ninasema kwamba kile walichokwenda kukitazama katika makumbusho ya tamaduni za mataifa ya mji wao, shaba za ufalme wa Benin (Nigeria ya leo) na boriti zilizochongwa za visiwa vya Palau, kilifika Dresden kwa njia zilezile za meli, bunduki, wafanyabiashara na maofisa wa makoloni zilizofika pia kwetu. Na uhusiano na kwetu upo hata ndani ya familia zao: Manfred, nduguye Erich Heckel, alikuwa mhandisi katika Afrika Mashariki ya Kijerumani, na vitu alivyovichukua huko vikaingia katika karakana ya nduguye na ya wenzake.

Mwaka 1906, Maji Maji ikiwa bado haijazimwa kabisa, mtaalamu wa Makumbusho ya Leipzig, Karl Weule, alishuka Lindi. Alikwenda Masasi, akapanda hadi Newala, akarekodi nyimbo kwa santuri za nta na kukusanya vinyago vya kichwani, mapiko, vya Wamakonde. Nchi aliyoipita ilikuwa imetoka kuchomewa mashamba na maghala ya nafaka, kwa sababu jeshi la kikoloni liliamua kuimaliza vita kwa njaa. Mwenye njaa akiuziwa unga kwa kinyago chake, hayo siyaiti mauzo. Mapiko hayo yalikwenda Leipzig yakiwa na namba za kuorodheshea. Majina ya waliochonga hayakwenda nayo.

Sitaki kuwapamba wachoraji wa Die Brücke kuliko walivyokuwa. Waliupenda mchongo wa Kiafrika, walijifunza kwake kwamba uso waweza kujengwa kwa mapigo matatu ya shoka na ukawa uso kuliko picha ya kamera, na Schmidt-Rottluff alipochonga vichwa vyake vya mbao mwaka 1917 mtu yeyote aliyekulia karibu na wachongaji anaona alikuwa ameketi miguuni pa nani. Lakini hawakuuliza majina. Watu weusi wawili waliokaa mbele ya Kirchner huko Dresden mnamo 1910 wanajulikana hadi leo kama Sam na Milly, basi. Picha ya Milly ina thamani kubwa. Milly hana ukoo. Hata Carl Einstein, Myahudi wa Ujerumani ambaye kitabu chake cha mwaka 1915 kilikuwa cha kwanza Ulaya kuutetea mchongo wa Kiafrika kuwa sanaa kamili, inayostahili kutazamwa kwa sheria zake yenyewe, alichapisha picha za michongo hiyo bila kueleza imetoka wapi na nani aliichonga. Ninamheshimu sana Einstein. Alipigana Hispania dhidi ya Franco, na Julai 1940, majeshi ya Hitler yakimkaribia kusini mwa Ufaransa, alijitoa uhai. Ni haki kusema yote mawili.

Sasa tazameni upande wa pili ulivyokuwa ukijiandaa. Mwaka 1928 msanifu Paul Schultze-Naumburg alitoa kitabu ambamo aliweka picha za wachoraji wa kisasa sambamba na picha za wagonjwa na watu wenye ulemavu, ili msomaji aamini kwamba mkono uliochora vile lazima uwe na damu mbovu. Miaka miwili baadaye, Wilhelm Frick, Mnazi, yaani mfuasi wa chama cha Hitler, alipopata uwaziri katika jimbo la Thuringia, moja ya amri zake za mwanzo, Aprili 1930, ilikuwa na kichwa hiki: dhidi ya utamaduni wa watu weusi, kwa ajili ya utaifa wa Kijerumani. Amri hiyo ililenga jazi, ngoma na maigizo, lakini haikuishia hapo. Mwaka huohuo Schultze-Naumburg, akiwa ndiye mkuu mpya wa chuo cha sanaa cha Weimar, aliisimamia kazi ya kupaka chokaa juu ya michoro ya ukutani ya Oskar Schlemmer, na kazi 70 za wasanii wa kisasa kama Klee, Dix, Kandinsky na Barlach zikaondolewa katika makumbusho ya kasri ya Weimar. Ilikuwa 1930. Hitler alikuwa bado hajawa Kansela. Yaliyotokea Munich yalifanyiwa majaribio Weimar, na jina la kwanza la adui katika majaribio hayo lilikuwa letu.

Naomba wakuu wa Weimar na Thuringia, ambao sikuwataja juu, nao waisome barua hii kuwa ni yao.

Baada ya Januari 1933 mambo yalikwenda mbio. Sheria ya Aprili iliyohusu watumishi wa umma iliwaondoa kazini Otto Dix kule Dresden, Max Beckmann kule Frankfurt, Paul Klee kule Düsseldorf. Chuo cha sanaa na usanifu cha Bauhaus kilifunga milango Berlin kiangazi hichohicho. Septemba ikaundwa Chemba ya Utamaduni ya Reich, yaani ya dola ya Hitler, chini ya waziri wake wa propaganda, Joseph Goebbels, na asiyekuwa mwanachama wake hakuruhusiwa kuuza picha, kuonyesha wala kufundisha. Hivi ndivyo utawala wa kiimla unavyoua sanaa mara nyingi: hauhitaji kumkamata kila mchoraji, unahitaji kadi ya uanachama. Schmidt-Rottluff aliandikiwa barua mwaka 1941 kumkataza kazi ya uchoraji, na barua hiyo ilikuwa na saini ya mchoraji mwenzake, Adolf Ziegler, yuleyule ambaye Goebbels alimpa amri ya tarehe 30 Juni 1937 ya kupita katika makumbusho na kukusanya "potofu". Kwa jumla zilikusanywa kazi zaidi ya 20,000 kutoka makumbusho yapatayo 100. Kirchner peke yake alinyang'anywa 639. Aliyapata magazeti yenye habari hizo akiwa mgonjwa huko Davos, Uswisi, na tarehe 15 Juni 1938 alijipiga risasi.

Jalada la mwongozo wa maonyesho lilibeba sanamu ya Otto Freundlich ya mwaka 1912, kichwa kikubwa kilichotazama juu, midomo minene, pua pana. Hawakuichagua kwa bahati. Katika sanamu moja waliweza kuonyesha kila walichokichukia, kwa maana mwenye kuichonga alikuwa Myahudi na sura yenyewe haikuwa ya Kizungu. Freundlich aliuawa katika kambi ya Wanazi nchini Poland mwaka 1943, na sanamu ile haikuonekana tena. Mwaka uliofuata baada ya Munich, bango la maonyesho ya "muziki potofu" mjini Düsseldorf lilirudia fomula hiyohiyo bila kificho: mpiga saksafoni mweusi, aliyechorwa kama nyani, na nyota ya Daudi kifuani.

Kuna mtu ambaye hadithi yenu haijui imweke wapi, naye ni mchoraji Emil Nolde. Hakuna aliyenyang'anywa kazi nyingi kama yeye, zaidi ya elfu moja. Hata hivyo alikuwa mwanachama wa chama cha Nazi, aliwachukia Wayahudi, na aliiandikia serikali kuisihi imtambue. Kwa miongo mingi baada ya vita aliheshimiwa kama mwathirika safi, mpaka maonyesho ya Berlin ya mwaka 2019 yalipoweka barua zake mezani, na Kansela Angela Merkel akaziondoa picha zake ofisini. Nilifurahi, si kwa sababu mzee alivuliwa nguo, bali kwa kuwa mlithibitisha kwamba mnaweza kusahihisha simulizi hata ikiwauma. Nolde huyo alisafiri mwaka 1913 kwenda New Guinea ya Kijerumani katika msafara wa Wizara ya Makoloni, akachora watu huku wakimwogopa. Ukimweka Nolde sawasawa, Munich ya 1937 na makoloni ya kabla ya 1914 vinajikuta katika chumba kimoja. Ndiyo maana nadhani watu wengi walipendelea asiwekwe sawasawa.

Kuna na jambo jingine la mwaka 1937 ambalo karibu halitajwi mnapotaja Munich. Wakati picha zikizomewa kwa kumtukuza mtu mweusi, utawala uleule ulikuwa ukizungusha miji ya Ujerumani kundi la Waafrika lililoitwa Deutsche Afrika-Schau, wacheze na kujionyesha mbele ya watu, ili Wajerumani wayakumbuke makoloni yao na kuyadai tena. Mtu mweusi alikuwa sumu akionekana ndani ya picha aliyochora Mjerumani, na alikuwa halali akiwa ndani ya uzio wa maonyesho. Kilichokatazwa kilikuwa mchanganyiko, yaani Mjerumani kukiri kwamba amejifunza kitu kwetu.

Mmoja wa watu waliopita katika kundi hilo alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904. Jina lake Mahjub bin Adam Mohamed, na Berlin walimjua kama Bayume Mohamed Husen. Alikuwa askari angali mtoto katika vita vya kwanza vya dunia, akaja Ujerumani 1929 kudai mshahara wa askari ambao haukulipwa, akafanya kazi ya uhudumu wa mezani, akacheza sehemu ndogondogo katika filamu, na alifundisha Kiswahili chuo kikuu hapa Berlin. Maofisa wa serikali waliokuwa wakiota kurudi Tanganyika walisomeshwa lugha na kinywa chake. Mwaka 1941 alikamatwa kwa kosa la kuwa na mwanamke mzungu, akapelekwa kambi ya Sachsenhausen bila kuhukumiwa, akafia humo tarehe 24 Novemba 1944. Tangu 2007 kuna jiwe dogo la shaba lenye jina lake katika mtaa wa Brunnenstraße. Linafaa. Lakini jiwe lipo barabarani, na makumbusho yenu yamejaa nafasi.

Ninajua mtanijibu nini kwanza. Mtasema kazi imeshaanza. Ni kweli, na sitaki kuidharau. Makumbusho ya Brücke ya Berlin yalifanya maonyesho kuhusu wachoraji hao na ukoloni kuanzia Desemba 2021. Mradi wa Humboldt Lab Tanzania uliwakutanisha wasanii na watafiti wetu na vitu vilivyoporwa wakati wa Maji Maji. Chuo Kikuu Huria cha Berlin kimefanya kazi kubwa ya kufuatilia kila picha iliyonyang'anywa 1937. Na tarehe 1 Novemba 2023 Rais Frank-Walter Steinmeier alisimama Songea, mahali ambapo Nduna Songea Mbano alinyongwa pamoja na wenzake mwaka 1906, akaomba msamaha. Mzee mmoja wa familia yangu aliyefuatilia hotuba hiyo redioni alinyamaza muda mrefu, kisha akasema, "Angalau ametamka."

Lakini maonyesho ya miezi mitatu hufungwa, na mradi huisha fedha zinapoisha. Ukuta wa kudumu hubaki, na ukuta wa kudumu bado umegawanywa. Jengo moja lina picha, na kuna maelezo ya jinsi zilivyonyang'anywa na Wanazi. Jengo jingine, ng'ambo ya mji, lina vinyago, na kuna maelezo mengine kabisa, ya ukoloni. Mtazamaji anatoka akidhani ameona dhulma mbili zisizojuana. Katika makumbusho mojawapo niliwahi kumuuliza mwongozaji kwa nini picha iliyokuwa mbele yetu iliwaudhi Wanazi. Akasema ilikuwa ya kisasa mno. Nikamwonyesha uso wa mwanamke kwenye picha, nyusi na pua vilivyoungana kama vinavyoungana katika mchongo wa mti. Alitabasamu kwa adabu, akaendelea na kikundi chake.

Nafika sasa kwenye sheria, na hapa naomba mnisome taratibu.

Tarehe 31 Mei 1938 Hitler alitia saini sheria iliyohalalisha unyang'anyi ambao tayari ulikuwa umefanyika: kazi zote za "sanaa potofu" zilizochukuliwa zikawa mali ya Reich bila fidia. Kwa nguvu ya sheria hiyo wafanyabiashara wanne, Gurlitt, Buchholz, Möller na Böhmer, walipewa kibali cha kuziuza kwa fedha za kigeni. Kwa nguvu hiyohiyo, tarehe 30 Juni 1939, kazi 125 zilipelekwa mnadani Lucerne, Uswisi, na picha ambayo van Gogh alijichora mwenyewe, iliyokuwa Munich, ikanunuliwa kwa faranga 175,000. Leo iko Chuo Kikuu cha Harvard. Vita vilipokwisha, Washirika walifuta sheria nyingi za Wanazi, lakini hii hawakuibatilisha. Ujerumani ya baada ya vita nayo haikutangaza kwamba ilikuwa batili tangu siku ilipotiwa saini, na mauzo yale yakabaki halali.

Mtu anaweza kusema kwamba dola ilijiibia yenyewe na makumbusho yake, basi iyabebe yenyewe. Mimi pia sidai picha zilizoishia Basel, Uswisi, zirudishwe kwa nguvu. Kuna nyingine zimekwepa mabomu kwa sababu ya kuuzwa huko. Lakini kuna kazi ambazo hazikuwa mali ya makumbusho, zilikuwa zimeazimwa tu. Picha ya Paul Klee iitwayo Sumpflegende, ya mwaka 1919, ilikuwa mali ya Sophie Lissitzky-Küppers, aliyeiazima kwa makumbusho ya Hannover kabla ya kuhamia Urusi. Ilinyakuliwa pamoja na nyingine, ikazomewa Munich, ikauzwa, na hatimaye ikarudi Munich ikiwa mali ya jiji. Warithi wake waliidai kwa miaka 26 hadi mwafaka ulipopatikana mwaka 2017. Miaka 26, kwa sababu karatasi ya Hitler ilikuwa bado inasimama kati ya familia na picha.

Na sisi tunaijua karatasi hiyo. Tumeonyeshwa nyingine zinazofanana nayo. Tukiuliza kuhusu viti vya enzi, ngoma, mikuki ya Maji Maji na mapiko, jibu ambalo limetufikia vizazi na vizazi ni kwamba vilipatikana kwa kufuata sheria ya wakati ule: gavana alitoa kibali, ofisa alitoa stakabadhi, kampuni ya meli ilitoa hati. Sheria ya wakati ule iliandikwa na nani? Aliyekuwa ameshika bunduki. Mwaka 1938 iliandikwa na waliokuwa wameshika bunduki dhidi ya watu wao wenyewe, na hapo ndipo Ulaya ilipoona kwa macho yake kwamba jambo laweza kuwa halali na likawa wizi. Kama mnakubali hivyo kwa picha ya Klee, hamwezi kukataa kwa kinyago cha Newala.

Kwa hiyo ninaomba mambo haya, nanyi mniambie hadharani lipi haliwezekani na kwa nini.

Maneno yale ya ukutani ya 1937 yawekwe wazi kila mahali mnapoonyesha kazi zilizonyang'anywa, pamoja na amri ya Frick ya 1930, na yaelezwe kuwa ni shtaka lenyewe lililotolewa dhidi ya kazi hizo. Mtoto wa Kijerumani mwenye baba Mtanzania akija na shule yake ajue kwamba katika hadithi hii naye yumo, na yumo tangu mwanzo.

Vinyago na picha vikutane. Nisingependa vikutane kama zamani, kinyago kikiwa "chanzo" kisicho na mwenyewe na picha ikiwa "kazi" ya bwana fulani. Kila mchongo uandikwe ulipotoka, kijiji au hata bonde, mwaka ulipochukuliwa, na mkono uliouchukua; na wachongaji wa Mtwara, Tabora, Bamenda na Benin wa leo walipwe kuja kusema wanaona nini, kwa mikataba sawa na ile mnayowapa wataalamu wenu. Mchongaji wa Kimakonde akikamata lipiko mkononi anaweza kukuambia mengi kuhusu aliyelichonga ambayo hayamo katika faili la Leipzig. Aulizwe kabla wazee waliobaki hawajaondoka.

Wabunge wa Bundestag watangaze kwamba sheria ya tarehe 31 Mei 1938 ilikuwa batili tangu ilipotiwa saini. Ninajua wanasheria wenu wana hofu ya mlolongo wa kesi. Tangazo linaweza kuandikwa kwa namna inayolinda wanunuzi wa leo waliokuwa na nia njema na bado likawapa nguvu wale ambao kazi zao zilikuwa za kuazimwa. Na katika tangazo hilohilo iandikwe kwamba "ilikuwa halali wakati ule" haitakubalika tena kuwa jibu la kutosha kwa yeyote anayedai kitu kilichochukuliwa, awe mjukuu wa mkusanyaji Myahudi wa Hannover au mjukuu wa mganga wa Liwale.

Mwisho, maelezo ya kazi hizi katika kumbi zenu za kudumu yaandikwe pia kwa Kiswahili. Lugha hii ilifundishwa katika chuo kikuu cha mji huu na mtu ambaye utawala ule ulimuua, na inazungumzwa leo na mamilioni ya watu. Tafsiri si kazi ngumu. Tupo wengi mjini hapa tunaoweza kuifanya, na kwa sehemu yangu nitaifanya ukumbi wa kwanza bila malipo. Nasubiri jibu lenu kwa maandishi, na nitalichapisha kama lilivyo.

Wenu katika kazi ya sanaa,

Mwalimu wa uchongaji, mzaliwa wa Newala
Berlin